Mstari wa Nne

Karatasi ilikuwa na mistari minne.
Farajala alitia sahihi ya kwanza, ndefu,
yenye mkia, kama ya mtu asiyedaiwa.
Mursali akaandika jina lake herufi kwa herufi,
ulimi nje kidogo, kama yuko darasa la tatu.
Kaltuma akakandamiza dole gumba
kisha akalifuta kwenye pindo la gurbaba.
Mstari wa nne ukabaki mweupe.

"Bakhita yuko Arua," wakasema. "Jumatatu atafika."
Nami, mjinga wa haraka zangu,
nikahesabu milioni ishirini na sita
juu ya meza ya mwenyekiti wa kijiji,
noti zenye harufu ya pumba,
maana nilizichuma kilo kwa kilo,
mashine yangu ya kusaga ikinguruma
ndani ya kibanda cha watu.
Mwenyekiti akapulizia muhuri wake, akagonga.
Soda zikafunguliwa. Nilinunua mimi.

Jumatatu ile sikuiona.

Miaka mitatu nimekwenda Luweero na kurudi Bombo,
faili kwapani, jasho likila pembe za karatasi.
Hakimu yuko likizo. Hakimu amehamishwa.
Mshtakiwa wa pili ana malaria.
Wakili wangu, kijana wa viatu vyenye ncha,
siku ya ada husema, "Mkataba ni mkataba, mama,"
na siku ya kesi husema, "Lakini."

Hatimaye Bakhita alikuja.
Usiku nilikuwa nimemchora mrefu, mwenye kucha.
Akaingia mwanamke mfupi,
miwani imefungwa kwa uzi wa kawa,
uzi mwekundu, wa kusukia.
Uliwatuma ndugu zako wakuuzie?
"Sikuwatuma."
Ulipata chochote katika fedha hizo?
"Hata soda sikuonja."
Watu wakacheka. Mimi sikucheka,
nilijua bei ya zile soda.
"Sajini Rehani alituachia nyumba," akasema,
"akatwambia, ni yenu.
Na siku hiyo tulikuwa wanne mbele yake."

Nilitaka kumchukia. Risiti ninazo.
Lakini risiti zangu zilikuwa na majina matatu,
na mimi hesabu ndiyo kazi yangu.

Hukumu ikasomwa kwa Kiingereza,
karani akatutafsiria kwa pumzi moja:
aliyeuza ameuza kilicho chake,
asiyeuza hajauza,
mahakama haina kalamu ya kumtilia mtu sahihi.
Robo tatu zangu, robo yake.
Mpaka haujapimwa. Kila mtu abebe gharama zake.

Basi tukaishi.
Mashine upande wa barabara,
Bakhita chumba cha nyuma, alimozaliwa,
akikung'uta unga wangu kwenye mashuka yake.
Choo kimoja. Mfenesi mmoja,
na fenesi likiiva hakuna sheria ya kuligawa:
utomvu unatunata sote mikono,
tunapakana mafuta, hatusemi.
Farajala ana pikipiki.
Kaltuma akifika kona ile huvuka barabara.

Jana walikuja watu wa kituo cha petroli.
Wanataka kiwanja kizima,
kwa bei ya kumkalisha mtu chini.
Bakhita akavaa miwani, akasoma ukurasa kwa ukurasa,
akachukua kalamu yangu ya kuhesabia magunia,
akatia sahihi.
Nikamtazama. Miaka mitatu!
"Nani alikwambia nilikataa kuuza?" akasema.
"Sikuulizwa."

Akanisogezea karatasi.
Mstari wangu ulikuwa chini ya wake, mweupe,
na mashine nyuma yangu ilikuwa imezimwa,
bado ina joto.
Wale vijana wa petroli wakaangalia saa zao.
Nikafuta mikono kwenye kanga, taratibu,
kidole kwa kidole.
"Jumatatu," nikawaambia.